Stengani Iliyoanguka Ngazini

Diploma yangu imetundikwa ukutani kwenye karakana yangu, juu ya mashine ya kukatia vyuma, ndani ya fremu niliyoiunda mwenyewe. Wateja wanaokuja kuagiza mageti huiangalia kabla hawajaniangalia mimi, nami huwapa muda waisome. Uhandisi wa mitambo, upande wa uzalishaji. Katika ukoo wetu hakuna aliyekuwa ameshika karatasi kama hiyo kabla yangu, na sioni haya kulisema hilo mbele za watu. Nilikwenda Saudia kama dereva, nikarudi nikiwa fundi ambaye mlango haukutoka kiwandani kabla hajasema sawa. Karakana hii, mashine hizi na nyumba ya mawe iliyo nyuma yake, sikurithi hata msumari.

Ila kuna kazi moja niliyopewa siku ile ile ya sherehe ya diploma, na hiyo ndiyo sikuimaliza kwa wakati.

Aliyenipa ni babu yangu mzaa baba, ambaye kwetu Nyeri tunamwita Guka. Watu walikuwa wanakula uani, naye akanishika mkono tukaenda nyuma ya zizi la ng'ombe. Akauliza kama chuoni tulifundishwa bunduki. Nikamwambia hapana, tulifundishwa mashine ya kukereza, kuchomelea, kukunja bati na kuchora ramani za mitambo. Akawatazama ng'ombe.

"Wewe umesoma vyuma," akasema. "Bunduki inaweza kulia bila kidole?"

Sikuhitaji kuuliza anasema bunduki ipi. Kijiji kizima kiliijua. Wakati wa Hali ya Hatari, Guka akiwa kijana, alikuwa hombigadi, yaani mlinzi wa kijiji upande wa serikali ya wakoloni, jambo ambalo nyumbani kwetu halizungumzwi wageni wakiwepo. Kituo chao kilikuwa na mikuki, bunduki chache za kawaida, na moja fupi iliyotoa risasi mfululizo, ambayo wazee waliiita stengani. Walikuwa wakipokezana hiyo moja kila zamu ya kupanda mnara. Asubuhi moja Guka alikuwa anashuka ngazi baada ya zamu yake, na rafiki yake wa rika moja alikuwa chini ameishika ngazi isiyumbe. Mkanda wa bunduki ukakatika. Stengani ikaanguka kwa kitako juu ya jiwe, ikalia, na rafiki yake akafa palepale chini ya ngazi.

Mzungu mkubwa wa kituo alisema bunduki hailii yenyewe, akamfukuza kazi. Hayo yangeweza kusahaulika. Lakini marehemu alikuwa ameshapeleka mbuzi wa kwanza wa mahari kwa kina msichana mmoja wa ng'ambo ya mto, na baadaye msichana huyo akaolewa na Guka. Watu wakaunganisha mambo. Msichana huyo ndiye nyanya yangu, tunayemwita Shosho.

Nilimjibu Guka ukweli, kwamba sijui, ila nikikutana na bunduki ya aina ile nitaifungua niangalie.

"Ukishajua usiniambie mimi," akasema. "Mimi nilikuwepo. Mwambie Shosho wako. Nataka alisikie kwa mtu aliyesoma."

Nikamuuliza kama Shosho amewahi kumwambia kwamba hamwamini. Akasema hajawahi kusema neno lolote, ujana wao wote, uzee wao wote. Kisha tukarudi kwa watu, akala, akacheka, akawaambia wageni kwamba mjukuu wake sasa ni injinia.

Kazi ya diploma sikuipata Kenya. Niliipata ya usukani, Riyadh. Nilikuwa naishi mtaa wa Shumaisi, chumba kimoja na Wakenya wenzangu, nikiendesha gari la kusambaza milango ya chuma ya kiwanda cha kafili wangu, yaani mwajiri aliyenidhamini. Nilipokuwa nikisubiri mzigo nilikuwa naingia ndani kutazama. Niliona wanavyokata bati, wanavyotupa vipande ambavyo vingetosha mlango mwingine. Siku moja nikachukua chaki nikachora juu ya bati jinsi ya kuipanga milango ili masalio yapungue. Msimamizi alinifukuza. Kafili alikuwa amesimama nyuma yake. Akatazama mchoro, akauliza huyu dereva amesoma wapi, na kuanzia wiki iliyofuata gari likapewa mtu mwingine. Miaka iliyofuata niliijenga upya sehemu nzima ya mashine za kugandamiza na kukunja bati. Wapo mafundi kutoka nchi zenye viwanda kuliko kwetu waliokuwa wakiniita ustadhi, na hawakuwa wananitania.

Kafili alikuwa na kaka yake mkubwa huko Jeddah, mzee mjane aliyeligeuza jumba la baba yao la mtaa wa Ruwais kuwa makumbusho ya nyumbani. Alikuwa na redio za zamani, madele ya kahawa, matandiko ya farasi, na chumba kimoja cha silaha zilizozibwa mitutu kwa chuma, kila moja na kibali chake cha polisi. Alihitaji mtu wa kumtengenezea vishikio na makabati ya vioo. Kafili akaniazima kwake kama mtu anavyoazima gari zuri, kwa masharti mengi. Nikahamia mtaa wa Bani Malik, nikawa nakaa na dereva mmoja Mkisii mwenye mdomo mrefu, na kila asubuhi nilipanda teksi ya kuchangia mpaka Ruwais. Yule mzee tulimwita Baba, kama wafanyakazi wote wa nyumba ile walivyomwita.

Ndani ya kreti moja, chini ya mapanga, nilikuta kitu nilichodhani ni kipande cha pampu. Bomba la chuma lenye matundu upande wa mbele, kitako cha fremu tupu kama mguu wa kitanda cha hospitali, na pembeni, upande wa kushoto, mahali pa kuchomeka magazini, kile kisanduku cha risasi. Maungio yake yalikuwa yamechomelewa haraka haraka, hata mwanafunzi ninayemfundisha kazi hapa karakanani leo nisingempitisha. Nikamwambia Baba kwamba amechanganya vyuma vya bomba la maji na silaha zake. Akacheka mpaka akakaa.

"Hii ni ya Waingereza," akasema. "Sten."

Neno hilo nililisikia kwa sauti ya Guka. Nikaiweka mezani, nikafuta mikono kwa kitambaa, na sikuigusa tena mpaka Baba alipomaliza kusali adhuhuri.

Alikuwa na vitabu, na kwa sababu Kiingereza chake kilikuwa cha hoteli, mimi ndiye niliyemsomea na kumfafanulia. Waingereza walikuwa wamefukuzwa ng'ambo ya bahari mwanzoni mwa vita kuu ya pili, wakaacha silaha zao nyingi huko, na waliogopa kwamba adui yuko njiani kuvuka. Bunduki nzuri inayokerezwa kwenye chuma kigumu huchukua muda, na muda hawakuwa nao. Wabunifu wawili wakachora bunduki ambayo sehemu zake nyingi zingegandamizwa kutoka kwenye bati na kuchomelewa. Jina lake lilitokana na herufi za kwanza za majina yao, likamalizikia na za mji wa kiwanda. Kwa kuwa sehemu zilikuwa rahisi, ziligawiwa karakana ndogo ndogo ambazo kabla ya vita zilikuwa zikiunda vitu vya kawaida vya nyumbani. Hakuna aliyetengeneza bunduki nzima. Huyu aliunda chemchemi, yule bomba, mwingine kitako, vikakutana mbele ya safari. Kadiri vita vilivyoendelea waliipunguza zaidi, wakaondoa mbao, wakaondoa kila pambo, mpaka toleo moja likabaki bomba lililokunjwa na mshono juu. Askari waliicheka na kuipa majina ya matusi, lakini waliibeba.

Mimi ni mtu wa uzalishaji, na lazima niseme niliipenda. Ilikuwa kazi ya watu wanaojua wanachokihitaji na wasichokihitaji. Ningeweza kuisimamia kazi ile. Vita vilipokwisha, maelfu kwa maelfu ya stengani zilibaki kwenye maghala, zikasambazwa makoloni, na hivyo ndivyo moja ilivyofika kwenye mnara wa mbao karibu na nyumbani kwetu.

Kisha nikatazama ndani, na hapo mapenzi yakapungua. Ndani ya bomba mna bolti, kipande kizito cha chuma, na nyuma yake chemchemi. Hakuna nyundo ya kugonga risasi. Pini imetengenezwa moja kwa moja kwenye uso wa bolti. Bolti ikija mbele inasukuma risasi kutoka kwenye magazini, na hapo hapo inailipua. Kidole kazi yake ni kuiachia bolti tu. Sasa mtu akiibeba bolti ikiwa mbele, magazini imejaa, anadhani yuko salama. Nikauliza kichwani swali la mwaka wa kwanza wa diploma. Bomba likisimama ghafla, kitu kizito kilichomo ndani kitafanya nini?

Nikaweka ubao sakafuni, nikaishika stengani wima, nikaigonga kwa kitako. Bolti ikaruka nyuma, haikufika mahali pa kunaswa, chemchemi ikairudisha mbele kwa nguvu zake zote. Sikuwa nimegusa kifyatulio. Nikagonga tena. Ilikuwa ile ile. Kwenye vitabu vya Baba niliyakuta maneno hayo yameandikwa wazi, kwamba zilikuwa zinalia zikianguka, kwamba ziliwaua wenye nazo, na kwamba matoleo mengine yalikuja kuongezewa namna ya kuifunga bolti ikiwa mbele.

Baba alisikia mlio akaja. Nikamwonyesha. Nikamweleza pia habari ya Guka, ngazi na jiwe, kwa Kiarabu changu cha kiwandani. Alisikiliza amesimama, kisha akaniambia nimwandikie maelezo ya kuweka kwenye kabati la vioo, jinsi inavyofanya kazi na kasoro yake. Nikayaandika kwa Kiingereza, binti yake akayatafsiri kwa Kiarabu, yakachapishwa kwenye kadi nzuri. Wageni wake wa siku ya Alhamisi walikuwa wakikunywa kahawa na kuisoma, na Baba alikuwa akininyooshea kidole, akisema mhandisi wangu ndiye aliyeandika. Nilijisikia mkubwa. Hata leo siwezi kudanganya kwamba sikujisikia mkubwa. Ila watu wa Jeddah, wasiomjua Guka wala mto wetu, walilipata jibu lake wakiwa wamekaa kwenye matakia, na yeye bado alikuwa analisubiri.

Kumpigia simu hakukuwezekana, kwa sababu masikio yake yalikuwa yamekwisha, na Shosho simu anaiogopa. Nikaona picha itaeleza kuliko maneno. Baba akaniruhusu. Nikasimamisha simu kwenye rafu, nikajirekodi nikiigonga stengani mara kadhaa na kueleza kwa Kikikuyu, polepole, nikimtaja Guka na Shosho. Nikaituma kwenye grupu la familia, nikamwandikia baba mkubwa, kaka wa marehemu baba yangu, aniwekee video ile mbele ya wazee wangu, kwa kuwa wanaishi naye.

Alama zikaonyesha kwamba imeonekana. Hakuna aliyejibu. Jioni nikakuta nimetolewa kwenye grupu.

Nilimwonyesha yule Mkisii. Aliitazama video mpaka mwisho, akaweka simu chini kwa upole.

"Injinia," akasema, "umetuma bunduki kwa grupu ya familia, ukiwa Saudi. Kwani ulitaka wakujibu amina?"

Nikamwambia ni chuma kilichozibwa, kina kibali, kiko kwenye kabati.

"Hiyo kibali umeitumia pia, ama umetuma bunduki peke yake?"

Alikuwa ananitania, lakini ndivyo ilivyokuwa. Baba mkubwa ni mzee wa kanisa, na alizaliwa ndani ya kijiji kilichozungushiwa miiba, akakua akisimuliwa jinsi watu walivyochukuliwa kwa sababu ya risasi moja iliyokutwa kwenye nguo. Aliona mtoto wa ndugu yake ameshika silaha katika nchi aliyoamini kwamba inakata watu vichwa kwa jambo dogo, na kwamba kila simu inayotoka huko inasikilizwa. Hakuifungua sauti. Aliwaamuru wote waifute ile video, wasinipigie, wasipokee, wasilitaje jina langu kwenye simu, mpaka nirudi salama. Walifanya hivyo kwa kunipenda. Nilimpigia binamu yangu, ambaye mimi ndiye niliyemlipia chuo cha ualimu.

"Samahani ndugu yangu," akaniambia, "umekosea namba."

Nikamwambia aache upuuzi, ni mimi. Akasema tena, kwa Kiswahili safi cha darasani, kwamba hanijui, na kwamba ananitakia maisha mema na Mungu anilinde huko niliko. Kisha akakata.

Nilijaribu kila njia. Mwenye duka wa sokoni kwetu, ambaye angeweza kuwafikishia wazee ujumbe, alikuwa ameshaonywa. Niliandika ujumbe mrefu wa kueleza makumbusho ni nini, na baba mkubwa akajibu kwa maneno machache, "Tunakuombea. Usiandike tena." Nikawaza kuomba ruhusa ya kusafiri, lakini Baba alikuwa ananihitaji mpaka makabati yaishe, na kafili ndiye aliyetakiwa kuidhinisha. Nikajiambia wataelewa, siku zipo. Nikafanya kazi. Makabati yale bado ndiyo kazi nzuri kuliko zote nilizowahi kufanya kwa mikono yangu.

Siku moja mchana nilikuwa napima kioo, simu ikaita, na jina lilikuwa la baba mkubwa. Nilifurahi. Nilidhani hofu imemtoka. Akaniambia Guka amelala, na kwamba wameshamzika. Nikamuuliza kwa nini hawakuniambia ningali na uwezo wa kupanda ndege. Akasema ndiyo sababu hawakuniambia. Walijua nitapanda ndege, na walihofia nikifika uwanja wa ndege wa Waarabu nitakamatwa.

"Hatukutaka kuwazika wawili," akasema.

 Nikamuuliza kama Guka aliiona ile video. Akauliza video gani, kisha akakumbuka, akasema ilifutwa siku ile ile, Guka hakuiona.

Baba alinikuta nimekaa sakafuni. Nilipomweleza alivua miwani, akasema maneno ya kumwombea marehemu, kisha akasema halas, basi, kabati lisubiri. Siku hiyo hiyo alimpigia ndugu yake simu. Ruhusa nikaipata bila mimi kuomba. Lakini nilikuwa sina tena cha kukimbilia, kwa hiyo nikamaliza makabati yake, nikarudi Riyadh nikafunga hesabu zangu, nikaja nyumbani moja kwa moja.

Kwenye uwanja wa ndege baba mkubwa alinikumbatia, kisha akanipapasa mikono mpaka mabegani, kama anayehakikisha kwamba vyote vipo.

Nilipojenga karakana hii, kitu cha kwanza kuundwa ndani yake hakikuwa geti. Nilichukua kipande cha bomba la plastiki, chemchemi ya kochi kuukuu na gogo dogo la mti mgumu nililolikereza likae ndani vizuri. Upande mmoja wa bomba nikaukata dirisha refu, ili mtu aone linavyotembea. Ni kitu cha kufundishia, mtoto anaweza kukichezea. Nikaenda nacho jikoni kwa Shosho. Alikuwa anachambua maharagwe. Baba mkubwa alikuwa pale, amekaa kwenye kigoda, kofia mapajani.

Nilimwambia Shosho kwamba Guka alinipa kazi, na nimekuja kuileta. Nikamweleza kama ninavyoeleza wanafunzi wangu, bomba, chemchemi, kitu kizito ndani. Nikaligonga bomba sakafuni. Gogo likaruka nyuma, likarudi mbele kwa kishindo. Nikamwonyesha vidole vyangu kwamba havikugusa kitu. Nikamwambia nimeifungua bunduki yenyewe, nimesoma vitabu vyake, na kwamba mimi mwenye diploma nasema mumewe alisema kweli. Ile stengani ilianguka, na kuanguka kunatosha.

"Kumbe ni hivyo tu," baba mkubwa akasema, akiliangalia bomba.

Shosho aliendelea kuchambua maharagwe mpaka yaliyokuwa mkononi yakaisha.

"Aliniambia kabla hajanioa," akasema. "Alisimama mlangoni kwa mama yangu, akaniambia ilianguka. Nikaamini siku ile. Ningewezaje kulala nyumba moja na mtu ambaye simwamini?"

Nikamuuliza kwa nini basi hakumwambia, maana Guka alikuwa akingoja neno hilo.

"Hakuuliza. Nami nilidhani hataki litajwe." Akafuta mikono kwenye leso. "Tulikuwa tunahurumiana hivyo, kila mtu upande wake."

Alinyoosha mkono nikampa lile bomba. Hakujua namna ya kulishika, nikamwonyesha. Aliligonga sakafuni mwenyewe, polepole kwanza, gogo halikutoka mahali pake. Akaligonga tena kwa nguvu. Gogo likaruka, likarudi. Akalitazama kupitia dirisha, akaligonga mara nyingine, na nyingine tena, mpaka baba mkubwa akainuka akatoka nje.

Nilipotaka kuondoka nikanyoosha mkono kulichukua. Akaliweka kwenye kona, nyuma ya mlango, pale Guka alipokuwa akiegemeza bakora yake, akaniambia niliache.